Sura ya 6: Mjomba, Mbona Hawanisikii?

Mpwa wangu aliniuliza swali hilo usiku mmoja wa likizo. Alikuwa anacheza PUBG Mobile na wenzake watatu, kila mmoja yuko kwao. Yeye aliwasikia vizuri kabisa, lakini kila alichosema hakikuwafikia. Alipaza sauti hadi bibi yake akaamka, na wenzake bado wakawa wanamwandikia kwenye skrini: "Ongea basi!"

Tangu usiku ule nimeulizwa swali hilo na watu wengi: vijana wa vyuo, mafundi simu, hata mzazi aliyenunua hedifoni za bei akadhani ameuziwa feki. Karibu wote huja na jibu lao mkononi: mtandao mbovu. Lakini kama unawasikia wenzako, na gemu lenyewe linakwenda, basi mtandao wako unapitisha sauti. Kilichokwama kiko karibu nawe zaidi. Kwa mpwa wangu kilikuwa mkononi mwake: earfoni alizokuwa akitumia hazikuwa na maiki.

Katika sura hii tutaifuata sauti yako kama abiria anayepanda gari na kupita vituo vitano: earfoni, ruhusa ya simu, mlango wa maiki, safari ya mtandaoni, na mwisho sikio la mwenzako. Ukijua vituo kwa mpangilio, huhangaiki tena kubahatisha. Unauliza tu: abiria ameachwa wapi?

Kituo cha kwanza: hesabu mistari kwenye pini

Chomoa earfoni zako utazame pini yake, ile sehemu ya chuma inayoingia kwenye simu. Utaona mistari midogo ya plastiki inayoizunguka, mara nyingi myeusi. Mistari miwili inaigawa pini sehemu tatu: moja ya sikio la kushoto, moja ya sikio la kulia, na moja ya kurudishia umeme. Mistari mitatu inaigawa sehemu nne, na hiyo inayoongezeka ndiyo njia ya maiki. Pini ya mistari miwili itakupa muziki maisha yake yote, ila yenyewe haina njia ya kupeleka neno lako.

Kwenye kompyuta nyingi za mezani kuna mtego mwingine. Zina matundu mawili: la kijani ni la kusikilizia, la waridi ni la maiki. Ukichomeka pini ya sehemu nne kwenye tundu la kijani utasikia, lakini hutasikika. Dawa yake ni waya mfupi wa kugawanya, wenye tundu moja upande mmoja na pini mbili upande wa pili. Ni kifaa cha bei ndogo, na kimeokoa hedifoni nyingi zilizokuwa zinarudishwa dukani bila kosa.

Wanaotumia Bluetooth wana lalamiko lao: "Nikiwasha maiki, sauti ya gemu inakuwa kama inatoka kwenye debe." Hedifoni hazijaharibika. Bluetooth ya kawaida ina njia mbili. Njia ya muziki hubeba sauti nzuri, lakini kwa upande mmoja tu, kutoka simu kwenda masikioni. Maiki ikihitajika, kifaa huhamia njia ya simu, ambayo hubeba sauti pande zote mbili kwa kuipunguza ubora. Sauti ya muziki hupimwa mara 44,100 au 48,000 kwa sekunde. Ile ya njia ya simu hupimwa mara 8,000 au 16,000. Masikio yako yanaisikia tofauti hiyo mara moja. Zaidi ya hapo, Bluetooth huchelewesha sauti kidogo, na katika gemu la kuviziana, kusikia hatua za adui kwa kuchelewa ni hasara. Kwa mechi unayoijali, waya bado ni rafiki mwaminifu.

Wachezaji wa PlayStation 5 nao wakumbuke kwamba pedi yake ina maiki ndani. Kwenye banda la gemu lililojaa watu, pedi hiyo inaweza kupeleka ubishi wa banda zima kwa wenzako walio mbali. Katikati ya pedi kuna kitufe kidogo cha kuzima maiki, na kikiwaka rangi ya chungwa, maiki imezimwa.

Kituo cha pili: ruhusa uliyoikataa siku ya kwanza

Siku unapofungua gemu jipya, simu hukuuliza kama unaliruhusu litumie maikrofoni. Ukiwa na haraka ya kucheza, unabonyeza "Usiruhusu" bila kusoma. Gemu linaweza lisiulize tena, na wewe umeshasahau kwamba mlango uliufunga mwenyewe.

Kwenye simu za Android, fuata njia hii:

1. Fungua Mipangilio, kisha Programu.
2. Tafuta jina la gemu lako ulibonyeze.
3. Ingia kwenye Ruhusa, kisha Maikrofoni.
4. Chagua kuruhusu wakati programu inatumika tu. Hakuna haja ya kutoa zaidi ya hapo.

Tangu Android 12, iliyotoka mwaka 2021, alama ya kijani hutokea juu ya skrini kila programu inapotumia maiki. Kwenye iPhone, tangu mwaka 2020, ni kitone cha rangi ya chungwa. Alama hizo ni kipimo chako cha haraka. Ukiongea kwenye gemu na alama haipo, abiria bado hajatoka nyumbani.

Angalia pia kama maiki imeshikwa na mwingine. Ukiwa kwenye simu ya WhatsApp huku unacheza, gemu linaweza kunyimwa maiki hadi ukate simu.

*Kwa kifupi:* unasikia lakini husikiki? Kabla ya kulaumu bando, hesabu mistari ya pini, fungua ruhusa, kata simu nyingine, na tazama ile alama juu ya skrini.

Kituo cha tatu: mlango wa maiki, na neno linalopoteza kichwa

Ndani ya gemu kuna mipangilio ya aina mbili: nani akusikie, na maiki ifunguke lini.

Kuhusu nani akusikie, magemu mengi ya timu hukupa chaguo la timu yako peke yake, au kila mtu aliye karibu. Kwenye PUBG Mobile utakuta alama za spika na maiki karibu na ramani ndogo. Ukizibonyeza unachagua timu, wote, au kuzima. Anza na timu. Ukiiacha kwenye "wote", adui aliyejificha nyuma ya ukuta atasikia mpango wako kutoka kinywani mwako.

Kuhusu maiki ifunguke lini, kuna njia tatu:

- Wazi muda wote. Kila kinachosikika chumbani kinakwenda: feni, televisheni, mtoto anayelia.
- Kufunguka kwa sauti. Programu husubiri. Sauti ikivuka kiwango fulani, yaani kizingiti, maiki hufunguka, ukinyamaza, hujifunga.
- Bonyeza ndipo uongee. Maiki hufunguka ukiwa umeshika kitufe, kama redio za upepo za askari na walinzi. Ndiyo njia safi kuliko zote, ila inahitaji kidole kilicho huru, kwa hiyo huwafaa zaidi wanaotumia kompyuta.

Njia ya pili ndiyo maarufu, nayo ina hila ambayo kwetu tunaoongea Kiswahili ni kubwa kuliko kwa wengine.

Mpwa wangu alipopata earfoni mpya, alisikika. Siku ya tatu akanijia amenuna. Alikuwa amechungulia ghala, akaona ni tupu, akawaambia wenzake: "Hawapo ghalani." Wenzake wakalivamia ghala lile lile kwa mabomu yao yote, na adui akawatokea mgongoni. "Niliwaambia hawapo," akasema, "wao wanadai nimesema wapo."

Pande zote mbili zilisema kweli. Maiki inayofunguka kwa sauti inahitaji kusikia kitu kwanza ndipo ifunguke, na kizingiti kikiwekwa juu mno, huo mwanzo wa neno hubaki nje. Herufi *h* ni pumzi tu, haina nguvu ya kusukuma mlango. Sasa fikiria Kiswahili kimeweka nini mwanzoni mwa neno. Kukanusha kuko pale: *hawapo*, *hatuna*, *hajafa*. Kata kichwa, "hawapo" inakuwa "wapo", na "hatuna risasi" inakuwa "tuna risasi". Idadi pia iko pale: *anakuja* ni mmoja, *wanakuja* ni kundi. Lugha yetu imeibeba habari nzito kwenye silabi ya kwanza, na silabi hiyo ndiyo inayoliwa na mashine.

Tiba ziko mbili. Ya kwanza ni kuweka kizingiti vizuri. Kwenye Discord, programu ya maongezi iliyoanza mwaka 2015 na kupendwa na wachezaji, ingia kwenye mipangilio ya sauti utaona mstari unaopanda na kushuka kufuata kelele. Nyamaza, acha feni yako izunguke kama kawaida, na tazama mstari unafika wapi. Weka kizingiti juu kidogo ya hapo, kisha ongea kwa sauti ya kawaida uhakikishe kinavukwa kwa urahisi.

Tiba ya pili haihitaji programu yoyote. Anza kwa kuita: "Jamani, hawapo ghalani." Kama mashine itakula kitu, itakula kipande cha "jamani", na ujumbe utafika mzima. Anayetumia kitufe naye abonyeze, avute pumzi moja fupi, ndipo aongee. Na akimaliza asiachie kabla neno halijaisha.

Kituo cha nne: safari ya mtandaoni, na bando lako

Sasa sauti imetoka kwenye simu. Programu huikata vipande vidogo, mara nyingi vya milisekunde 20 kila kimoja. Milisekunde ni sehemu moja ya elfu ya sekunde, kwa hiyo kila sekunde unayoongea hutoa vipande 50. Kila kipande hutiwa kwenye bahasha yake yenye anwani; wataalamu huiita pakiti.

Kabla ya kutiwa kwenye bahasha, kipande hukunjwa na kodeki, yaani utaratibu wa kufinya sauti ili ichukue nafasi ndogo na kuikunjua upande wa pili. Kodeki inayotumika sana leo inaitwa Opus, iliyoidhinishwa kuwa ya viwango vya kimataifa mwaka 2012, nayo hutumiwa na Discord na WhatsApp pia. Sauti ghafi ya ubora mzuri huhitaji kilobiti 768 kwa sekunde; Opus inaweza kuifinya hadi 64, sehemu moja ya kumi na mbili, na mazungumzo yakabaki safi.

Hapo ndipo tunajibu swali la pili ninaloulizwa sana: maongezi yanakula bando kiasi gani? Tufanye hesabu. Kilobiti 64 kwa sekunde ni kama MB 29 kwa saa moja ya kuongea mfululizo. Bahasha zenyewe huongeza kama MB 7. Jumla ni MB 36 hivi, na hiyo ni kama mtu anaongea bila kupumzika. Kwa kawaida wachezaji wanne huongea kwa zamu, na programu nyingi hazitumi sauti wakati wa kimya. Kinachomaliza bando ni matoleo mapya ya gemu, ambayo yanaweza kuchukua mamia ya MB kwa mara moja. Pakua hayo kwenye Wi-Fi. Ya kuongea usiyaogope.

Swali la tatu ni la kuchelewa: "Mbona nikisema 'nyuma yako', mwenzangu ameshaanguka?" Bahasha zako haziendi moja kwa moja kwa mwenzako. Huenda kwanza kwenye seva, kompyuta kubwa inayopokea sauti za wote na kuzigawa. Kama seva iko London, zaidi ya kilomita 7,000 kutoka Dar es Salaam, mwanga ndani ya waya wa kioo huchukua kama milisekunde 35 kwenda tu, na nyaya za baharini hazijanyooka. Wachezaji wawili waliokaa kitanda kimoja Kariakoo wanaweza kuwa wanasikizana kupitia Ulaya! Wahandisi wa simu hupendekeza sauti isichelewe zaidi ya milisekunde 150 kwenda upande mmoja. Ikizidi sana hapo, watu huanza kukatizana maneno. Kwa hiyo gemu likikupa nafasi ya kuchagua seva, chagua iliyo karibu zaidi.

Sauti inayokatika-katika kama ya mtu aliye ndani ya pipa ina maana nyingine: baadhi ya bahasha zimepotea njiani, au zimefika baada ya zamu yao kupita. Programu hujaribu kuziba pengo kwa kukisia, na zikipotea nyingi, sauti inakuwa ya roboti. Sogea karibu na ruta ya Wi-Fi, simamisha anayepakua sinema nyumbani, au hamia kwenye data ya laini ulinganishe.

Na kuna siku kosa kweli liko mbali. Mei 2024, nyaya za EASSy na Seacom zilipokatika chini ya bahari, intaneti ilizorota Tanzania, Kenya na nchi jirani. Siku kama hizo hakuna mpangilio wa kugusa. Ni kusubiri meli ya mafundi.

*Kwa kifupi:* ukisikika kwa kukatika, ni mtandao. Usiposikika kabisa, rudi kituo cha kwanza hadi cha tatu.

Kituo cha tano: sikio la mwenzako

Kufika si kueleweka. Katika kituo hiki tunatengeneza mambo matatu.

La kwanza ni mwangwi. Mwenzako akisema "nasikia sauti yangu inarudi", kosa liko kwako: spika yako inatoa sauti yake, na maiki yako inaiokota na kumrudishia. Vaa earfoni, mambo yataisha. Kama mko wawili chumba kimoja, mmoja azime maiki yake, la sivyo kila neno litafika mara mbili.

La pili ni kelele. Programu nyingi zina kichujio cha kuondoa kelele. Kichujio hicho ni hodari kwa sauti isiyobadilika, kama feni au jenereta, kwa sababu ni rahisi kuitofautisha na maneno. Televisheni na ndugu wanaobishana hukishinda zaidi, kwani hizo nazo ni sauti za watu. Weka maiki upana wa vidole viwili kutoka pembe ya mdomo. Ukiiweka mbele kabisa, kila *p* na *b* itapiga kama upepo wa bahari. Na mwenzako akiwa na sauti ya juu kupita kiasi, usimgombeze: kwenye Discord unaweza kupunguza sauti yake yeye peke yake, wengine wakabaki kama walivyo.

La tatu ni namna ya kusema, na hapa timu hushinda au kushindwa. "Yuko pale!" haina maana kwa mtu asiyeona kidole chako. "Kushoto" ni kushoto kwako. Kwake inaweza kuwa kulia. Sema wangapi, wako wapi, wanafanya nini: "Jamani, wawili, nyumba nyekundu, wanapanda ngazi." Magemu mengi yana dira juu ya skrini yenye namba hadi 360. Kiswahili husoma namba kwa urefu, na kabla hujamaliza "mia mbili themanini na tano" risasi zimeshafika. Fanya kama marubani wanavyosoma mwelekeo wa ndege, tarakimu moja moja: "mbili, nane, tano." Hata namba za simu tumezoea kuzitaja hivyo.

Ukishasema, nyamaza. Katika gemu la kusikiliza hatua, kimya chako ni zawadi kwa mwenzako aliyebaki peke yake dhidi ya watatu.

Maiki ni dirisha la nyumba

Mzazi anayesoma sura hii anajiuliza la kwake: mwanangu anaongea na nani? Ni swali la haki. Sauti husema mengi kuliko maandishi. Inataja umri, inataja lafudhi ya mahali, na nyuma yake kuna nyumba nzima: mama anayeita jina kamili, baba anayemtajia mtu namba ya siri ya pesa za simu.

Keti na mtoto mkubaliane haya:

- Jina la mchezo tu. Jina halisi, shule na mtaa havitajwi.
- Maongezi na timu ya watu anaowafahamu. Wageni huzimwa sauti.
- Anayetukana au kuomba picha huzuiwa na kuripotiwa, na mtoto humwambia mkubwa bila kuogopa kunyang'anywa simu.
- Umri uliowekwa huheshimiwa. Kwa Discord, ni miaka 13 au zaidi.

Hilo la kutokuogopa ndilo msingi. Mtoto anayejua kwamba kusema ukweli kutamkosesha mchezo atajifunza kunyamaza, na dirisha litabaki wazi bila wewe kujua.

Dakika mbili kabla ya mechi

1. Chomeka earfoni kabla ya kufungua gemu.
2. Tazama alama ya maiki juu ya skrini.
3. Hakikisha umechagua timu, si wote.
4. Sema sentensi yenye mwanzo mwepesi, kwa mfano "hawapo hapa", na mwenzako airudie alivyosikia.
5. Akirudia "wapo hapa", shusha kizingiti.

Mpwa wangu sasa ndiye anayewaongoza wenzake kwenye jaribio hilo la nne. Likizo iliyopita nilikaa naye akicheza. Alichungulia nyumba, akashika pumzi kidogo, akasema kwa sauti ya chini kuliko niliyowahi kumsikia nayo: "Jamani, hawapo." Upande wa pili mmoja akajibu, "Hawapo, nimekusikia," na wote wanne wakapita ule mlango bila kurusha hata risasi moja. Chumba cha pili, bibi yake alikuwa amelala fofofo.